Laptop Tuliyoinunua Bila Kamba

Mama Zaina alikuwa amejiandaa kumpokea mwanamke wa Mombo. Siku ya arobaini ya mumewe, Mjomba Mhina, wakati wanawake wengine wanachambua mchele na kulalamikia moshi, yeye alichagua mkeka unaotazama njia, akavaa kanga mpya, akasafisha miwani, akawa anampima kila mgeni wa kike asiyemfahamu kuanzia viatu kwenda juu. Kwa miaka mingi, kila Sikukuu ya Kuchinja, paja zima la mbuzi lilitoka nyumbani kwake Kwamndolwa likapanda basi la kwenda Mombo, na kila alipouliza linakwenda kwa nani, Mjomba alijibu, "Kwa mtu." Mke yeyote mwenye akili anajua mtu asiyetajwa jina ni mtu wa namna gani. "Leo atakuja," aliniambia, akinisogezea sahani ya tende. "Mume akifa, siri zake zinakuja kula pilau. Kaa hapa Mwanahamisi, wewe macho yako yanaona mbali." Nikakaa. Macho yangu hayaoni mbali tena, lakini mimi ndiye mpwa wa marehemu aliyefika chuo kikuu, na katika ukoo wetu aliyesoma hupewa kazi za upelelezi.

Aliyekuja akawa mwanamume. Mwembamba, mvi zimeshika masikio, shati limepigwa pasi mpaka mistari inasimama, mkononi ana mfuko wa plastiki. Alisalimia wanaume chini ya turubai, akaonyeshwa tulipo, akaja akavua viatu ukingoni mwa mkeka ingawa hakuwa na nia ya kuukanyaga. "Poleni na msiba, mama. Natoka Mombo." Mama Zaina alitazama nyuma ya mgongo wake, kama kuna mwanamke amejificha pale. Mimi niliutazama mfuko. Plastiki yake ilikuwa nyepesi, na ndani niliona kitofali cheusi na waya uliozungushwa vizuri, kwa upendo karibu niseme. Nilikitambua kile kitofali kabla sijamtambua mtu aliyekibeba.

Ya ukoo wetu nitayaacha. Anayeyataka aende Kwamsisi, wako wazee watakaomsimulia mpaka kuku waingie bandani, na nusu itakuwa kweli. Mimi nautaka mwaka mmoja tu, ule wa kungoja chuo. Nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, nimeitwa chuo kikuu Dar es Salaam, nikaletwa kwa Mjomba Kwamndolwa ili niwe karibu na mji, habari na mabasi. Chumba changu kilikuwa cha uani, nalala pamoja na magunia ya mahindi na baiskeli isiyo na gurudumu la mbele. Sebuleni kulikuwa na kabati la vyombo, viti vyenye vitambaa vya kufuma, na chupa ya chai yenye maua ambayo haikuwahi kutunza joto la chai hata moja. Hiyo chupa ndiyo ilikuwa picha kamili ya siku zile. Miaka ya foleni za sukari na sabuni ilikuwa imekwisha, maduka ya Korogwe yamejaa hadi kwenye vizingiti, na kila kilichojaa kilikuwa na kasoro yake. Miavuli ilifunguka mara moja tu maishani. Betri za tochi zilikufa zikiwa bado kwenye karatasi zake. Mashamba ya mkonge yalikuwa yanapata wenyewe wapya ambao hatukuwahi kuwaona sura, na neno mwekezaji lilitamkwa kwa sauti ileile wanayotamkia chui. Tulipewa ruhusa ya kununua chochote, nasi tukajifunza kutoamini chochote.

Mjomba hakuhitaji kufundishwa. Alikuwa dalali wa ng'ombe, anazunguka minada ya Handeni kutoka tambarare moja kavu hadi nyingine, kati ya wafugaji wanaouza na wachinjaji wanaonunua, na pande zote mbili zilimshuku sawasawa. Kwake hiyo ilikuwa ndiyo heshima ya kazi. Alikuwa na misemo ya mnadani kwa kila jambo. Bwana harusi akisifiwa sana: "Amenyweshwa maji." Maana yake, ng'ombe hulambishwa chumvi asubuhi, akanywa maji hadi tumbo likajaa, mnunuzi akadhani ni unono. Mgombea akipita na ahadi: "Mwache akojoe kwanza, ndipo tumpime."

Habari ya laptop ililetwa na Rehema, rafiki yangu aliyenitangulia chuo mwaka mmoja. Alikuja likizo, akala kwetu bada, ugali wa muhogo, kwa mboga ya mchunga, akilalamika kwamba mchunga umezidi uchungu kana kwamba Dar es Salaam imempa ulimi mpya, kisha akaniambia kazi zote sasa zinatakiwa zichapwe. Chumba cha kompyuta kina foleni kama ya kisima cha kiangazi. Wenye laptop zao wanamaliza mapema, wengine wanakesha wakibembelezana. "Tafuta hata iliyotumika," alisema. "Ila uangalie memori, uangalie diski, usiangalie rangi." Mjomba, ambaye alikuwa amejifanya anasikiliza redio, aliuliza hiyo laptop inakula nini. Rehema akasema umeme. Mjomba akasema, "Basi itakufa njaa," kwa kuwa umeme wetu ulikuwa na ratiba zake. Lakini niliona ameshaanza kupiga hesabu, na katika mali yake kitu pekee chenye thamani ya namna hiyo kilikuwa kimefungwa nyuma ya choo: mtamba mwekundu mwenye baka jeupe, ambaye Mama Zaina alikuwa akimkatia majani kwa mkono wake mwenyewe.

Ukuta wa uani ulikuwa wa udongo, na masikio yangu yalikuwa ya kidato cha sita. Baada ya Isha niliwasikia.

"Mtamba ana mimba, Mhina."

"Najua. Ndiyo maana atapata bei."

"Nimemkatia majani masika na kiangazi. Nikasema mwaka huu na mimi nitachemsha maziwa ya kwangu."

"Mtoto anakwenda chuo, mama."

"Simkatazi kwenda. Nauliza tu. Hayo maziwa nitayakamua kwenye kompyuta?"

Mjomba akasema, "Nitaichagua mwenyewe." Alisema kama mtu anayetoa rehani. Na mtamba akaenda. Mama Zaina hakutoka kumwona akiondoka. Alikuwa jikoni anasugua sufuria iliyokuwa safi tayari. Tangu siku ile nilijua kwamba tukinunua kitu kibovu hakuna mtamba wa pili, na mimi nitakula ugali wa mwanamke yule nikimtazama usoni.

Duka la kwanza lilikuwa karibu na stendi, lenye kaunta ya kioo na kijana anayenukia kuliko duka. Alimwita Mjomba bosi. Alizifungua laptop tatu kwa mpigo, zote mpya, zinang'aa, akatwambia chagueni tu. Nilijaribu kuuliza memori kwa sauti ya mtu anayejua jibu. Mjomba aliinama akaikagua moja kwa chini, akanusa, akauliza, "Huyu amezaliwa wapi?"

"Dubai, bosi."

"Mama yake umemwona?"

Kijana akacheka. Mjomba hakucheka. Bei ilipotajwa tulitoka, na nje akaniambia, "Mpwa wangu, anayekuita bosi ameshakuuza, bado kukufunga tu kamba."

Elia tulimkuta kwenye fremu za mbao kando ya barabara, zile zilizokuwa zimepigwa alama nyekundu za kubomolewa lakini kila mtu akiendelea na biashara kama vile wekundu ule ni pambo. Alikuwa Mpare kijana aliyekulia hapohapo mjini, akitengeneza redio na kuuza vitu vya Ulaya vilivyotumika. Alikuwa na laptop moja tu. Ya kijivu, nene kama mkate wa boflo, na kwenye kifuniko kuna stika ya kipepeo iliyobanduka bawa moja. Alitaja bei, nayo ilikuwa ndani ya uwezo wa mtamba. Mjomba akaipunguza kwa nusu, kama ilivyo adabu. Elia akasema, "Hapana mzee, ni hiyohiyo." Hakuapa, hakulia watoto wake wana njaa, hakutwambia kuna mtu mwingine kaweka ahadi. Badala yake akaongeza, "Halafu kitufe hiki kinakwama, na spika ya kushoto imekufa."

Mjomba akanigeukia na kuniambia kwa Kizigua, taratibu, uso umetulia, kwamba muuzaji anayekuonyesha kilema kimoja anaficha cha pili, na kwamba mtu huyu ana macho ya mwizi wa mbuzi. Elia, akiwa anapangusa kioo cha laptop, akajibu kwa Kizigua kizuri kuliko changu kwamba mbuzi hakuwahi kuiba, aliwahi kuiba kuku mmoja tu alipokuwa mdogo, na alichapwa. Fundi cherehani wa fremu ya jirani alicheka hadi akashusha mguu kwenye pedeli. Ungedhani hapo shaka ingepungua. Iliongezeka. Mjomba aliniambia baadaye kwamba mgeni anayejua lugha yako bila kukuambia ni mgeni mara mbili.

Hata hivyo aliikagua kama hakuna aliyewahi kuikagua laptop. Alibonyeza kila kitufe kwa kidole gumba, kama anayepima meno. Alimtaka fundi cherehani awe shahidi kwamba si ya wizi, na fundi akakubali kwa sharti la soda. Kisha akasema waya uchomolewe. "Ninaenda kuswali Adhuhuri, nitapita kunywa kahawa. Nikirudi nimkute amesimama. Kama amenyweshwa maji, atakuwa amelala." Aliniacha niichunge. Tuliitazama mimi na Elia kama watu wanaouguza mgonjwa. Nilifungua na kufunga yaliyokuwemo, nikaandika jina langu, nikalikuza mpaka likajaa kioo. Elia aliniuliza nakwenda kusoma nini. Nilimjibu kwa kifupi. Nilikuwa nimefundishwa kwamba mazungumzo ni chumvi. Mjomba aliporudi laptop ilikuwa bado inawaka.

Tukalipa. Na hapo ndipo tulipofanya lile ambalo nadhani hakuna wanunuzi wengine wa laptop duniani wamewahi kulifanya. Elia alizungusha waya, akauweka juu ya laptop pamoja na kitofali chake. Mjomba akautoa, akaurudisha mezani. Minadani kwetu ng'ombe huuzwa, kamba hubaki. Mnunuzi huja na kamba yake. Muuzaji anayekupa ng'ombe na kamba yake ametoa baraka ya zizi lake lote, jambo ambalo hakuna mtu hufanya kwa hiari, kwa hiyo lazima ana nia: anataka ng'ombe arudi. Atamfuata, au atamwita usiku, na wako waliowahi kuamka na kukuta kigingi kitupu.

"Chukua mzee, ni chaja yake," Elia alisema.

"Baki nayo."

"Mzee, hii inakwenda pamoja."

"Kwako inakwenda pamoja. Sisi tunazo zetu."

Kadiri Elia alivyosisitiza, ndivyo Mjomba alivyozidi kuwa na uhakika. Na mimi, niliyepata daraja zuri la fizikia, nilifikiri nini? Nilifikiri waya ni waya. Redio yetu ilikuwa imeshatumia waya za redio tatu zilizotangulia mbele ya haki. Tena nilikuwa nimesimama upande wa mjomba wangu mbele ya mgeni, na upande ule ulikuwa na joto. Tulipokuwa tunaondoka Elia aliuliza, "Basi niambie mnakaa wapi." Mjomba, bila hata kusita, akajibu, "Kwamsisi." Hiyo nayo ni sheria: usimwambie muuzaji ng'ombe atalala wapi. Tukapitia njia ya nyuma kurudi Kwamndolwa, umbali ambao Elia angeweza kuufuata kwa ndala.

Jioni ile ukumbi ulijaa. Majirani waliona jina langu limejaa kioo, wakasema mashallah. Mama Zaina alisimama mlangoni, mikono imefungwa kifuani, akiitazama kama anatazama mke mwenza. Kisha kioo kikapiga giza. Mjomba aliigusa kwa mgongo wa kiganja, anavyoguswa mtu mwenye homa, akasema polepole, "Amenyweshwa." Mama Zaina alirudi jikoni. Tulisikia sufuria.

Kesho yake nilizunguka Korogwe na laptop kwenye kikapu nikitafuta waya wa kuingia kwenye tundu lake. Haukuwepo. Ndipo nilipoelewa tulichokiacha mezani. Tulikwenda kwa Elia, tukakuta kufuli. Fundi cherehani alisema amefunga asubuhi, ameondoka na begi, hajasema anakwenda wapi, kwao ni Mkumbara. Mjomba alinitazama kwa huzuni yenye furaha kidogo ndani yake, furaha ya mtu aliyejua tangu mwanzo. Tukapanda basi mpaka Mkumbara. Pale kila tuliyemuuliza alimtazama Mjomba, fimbo yake ya mnadani na kofia yake, akasema hamjui Elia yeyote. Mmoja alisema hivyo akiwa amesimama chini ya kibao kilichoandikwa jina la baba yake Elia. Walidhani tumekuja kumkamata. Tuliporudi Korogwe, fremu zote zilikuwa zimelala chini, mbao na mabati, na watu wanaokota misumari.

Nilikwenda chuo nikiwa na laptop iliyokufa, imeviringishwa kanga. Rehema aliitazama, akanitazama mimi, akanipeleka Kariakoo, na kwa fedha ya matumizi ya muhula nikanunua chaja inayofanana. Ikawaka. Nikampigia Mjomba, siku hizo ameshapata simu yake ya kwanza, aliyokuwa akiishika mbali na sikio asije akadanganywa kwa karibu.

"Mjomba, inafanya kazi."

Nilisikia akiisogeza simu mbali zaidi.

"Inafanya kazi vizuri kabisa."

"Mngoje," alisema. "Wizi mwingine ni wa polepole."

Alingoja miaka yangu yote ya chuo. Laptop ilifanya kazi mpaka nilipohitimu, ikiwa na kitufe kinachokwama na spika moja iliyokufa, vilema vilevile viwili tulivyotajiwa, hakikuongezeka cha tatu. Nimeitunza. Mimi mwenyewe nimekuwa mtu wa kuandika makala, baadhi yake kuhusu jinsi jamii inavyojenga uaminifu, na zote nimezifungia kwa nywila ndani ya nywila. Nikifika hotelini natazama chini ya kitanda. Fundi bomba akimaliza kazi mapema, namshuku, akichelewa, namshuku. Nadhani chuo kikuu kilinipa maneno tu. Shaka nilikwenda nayo kutoka nyumbani.

Sasa mgeni wa Mombo alikuwa amesimama ukingoni mwa mkeka, viatu mkononi.

"Wewe ndiye binti wa laptop," alisema.

"Shikamoo, kaka Elia."

"Marahaba. Nilikwenda Kwamsisi, unajua."

Sikujua. Akaketi, akaeleza bila kulalamika, kama mtu anayetaja hali ya barabara. Asubuhi ile ya kufuli alikuwa amechukua chaja akapanda gari, akakodi baiskeli, akafika Kwamsisi kuulizia mzee Mhina dalali. "Walinitazama, wakautazama waya. Mmoja akaniuliza, 'Hiyo ya kupimia?' Nikasema si ya kupimia. Hapo ndipo wakajua ni ya kupimia." Mwaka ule kila mgeni mwenye kifaa alikuwa amekuja kupima ardhi ya watu ampe mwekezaji. Wakamwonyesha njia ya kwa Mhina, na njia ile ikamfikisha kwenye bwawa. Akalala kwa mwalimu. "Niliporudi Korogwe fremu iko chini. Tulikuwa tumepewa siku ya kuhamisha vyombo. Ndiyo ile niliyokwenda Kwamsisi."

Mama Zaina alikuwa ameacha kutazama njia.

"Mhina alijua haya?" aliuliza.

"Alijua, mama. Nilipohamia Mombo alikuja dukani, hajui ni langu, anatafuta betri. Akaiona chaja kwenye msumari. Akaniuliza kwa nini siiuzi. Nikamwambia ina mwenyewe. Akakaa kwenye benchi. Nikampa maji akanywa yote, nikamweleza ya Kwamsisi. Akasema, 'Iache hapohapo, kamba haitoki.' Idd iliyofuata likaja paja."

"La mbuzi," alisema Mama Zaina.

"La mbuzi. Kila mwaka."

Alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya kanga, akaivaa tena. "Miaka yote hii," alisema, "nimekuwa nikigombana na waya." Na akaanza kucheka, na kucheka kule kukageuka kilio kwa namna ambayo wanawake wa jikoni walisimama na miiko mikononi. Alipotulia aliagiza Elia aletewe pilau, nyama iwekwe juu. Alimtazama anakula. Kisha akainama kidogo mbele.

"Una dada huko Mombo?"

"Sina, mama. Tulizaliwa wanaume watupu."

Mama Zaina alitikisa kichwa taratibu, kama mtu aliyepokea maelezo bila kuyasaini.

Elia alipomaliza alinisogezea ule mfuko. Alisema macho yamechoka, duka analifunga, na hakutaka kitu cha mtu kibaki kwenye ukuta usio na mwenyewe. Nilikishika kile kitofali. Kilikuwa hakina hata vumbi. Nikamrudishia. "Baki nayo," nikamwambia. "Kamba haitoki." Nilidhani atabisha kama alivyobisha siku ile, lakini aliukunja mfuko vizuri akauweka mapajani, na uso wake ukawa kama wa mtu aliyelipwa.

"Basi niambie unakaa wapi siku hizi," alisema. "Machungwa yakiiva nikuletee."

Nilifungua mdomo nimwambie. Nilikuwa nimefikia palepale, chumba cha uani, hatua chache kutoka kwenye mkeka tuliokalia, na kwangu Dar es Salaam hakuna siri yoyote.

"Kwamsisi," nikasema.

Mama Zaina, bila kunitazama, alinipapasa goti kwa ridhaa. Elia alivaa viatu vyake, akafunga kamba moja, akafunga ya pili, akasimama.

"Sawa," akasema. "Ila safari hii siendi."